Maneno "Kahaba" na "Malaya": Asili Yake na Matumizi Yake

Somo kwa walimu wa dini, wazee wa kanisa na Wakristo wote. Kabla ya kulisoma, someni kwanza Yoshua 2; Hosea 4:14; Mathayo 1:18–25; Yohana 8:1–11.



Yako maneno ambayo mtu huona haya kuyatamka mbele ya wazee wake, lakini huyatupa bila hofu juu ya mwanamke apitaye njiani. Mwezi huu twataka kujifunza maneno mawili ya namna hiyo, kahaba na malaya. La kwanza twalisoma katika Biblia. La pili twalisikia sokoni, kisimani na vilabuni, kando ya barabara itokayo Singida kwenda Ndago, ipitayo hapa Sepuka. Labda mtu atauliza, Je, yafaa mambo hayo kuandikwa katika karatasi ya kanisa? Twamjibu hivi: Manabii na Mitume hawakuona haya kuyataja, sisi tuonao haya kuyaandika, hatuoni haya kuyasema.

Tena jambo hili lina hatari. Msichana akiisha kuitwa kwa neno hilo, hata kama ni uongo mtupu, hulivaa kama nguo isiyovulika. Huacha kwaya, kwa kuwa wenzake wananong'ona. Huacha mafundisho ya kipaimara. Huona haya kuikaribia Meza ya Bwana. Mwisho aweza kuondoka nyumbani na kwenda mji asiojulikana, na huko njaa yaweza kumfanya kuwa kweli vile alivyoitwa kwa uongo. Basi neno lenyewe limemtengeneza mtu, nalo limemtengeneza vibaya. Kwa hiyo na tulichunguze.

1. Asili ya neno "kahaba"

Neno kahaba limetoka katika Kiarabu, kama maneno mengine mengi ya Kiswahili. Wanazuoni wa Kiarabu wa zamani walilifungamanisha na neno la kukohoa. Walieleza kwamba mwanamke wa namna hiyo alikohoa gizani, ili wanaume wamtafutao wajue mahali alipo. Fikirini habari hiyo, ndugu. Kikohozi kile kilikuwa na watu wawili, akohoaye na asikiaye. Asingekuwako wa kusikia, mwenye kukohoa angekohoa bure. Walakini lugha ilimpa jina mmoja tu. Yule aliyesikia kikohozi, akaondoka kitandani pake na kukifuata, hakupewa jina lo lote, akarudi nyumbani kwake kabla ya mapambazuko, akahesabiwa mtu wa heshima.

Hata katika Kiyunani, lugha ya Agano Jipya, ni vivyo hivyo. Neno lililofasiriwa "kahaba" ni pornē, nalo latokana na neno la kuuza. Katika miji ya Wayunani na Warumi wengi wa wanawake hao walikuwa watumwa, na fedha waliyoipata ilikwenda mikononi mwa bwana zao. Basi neno lenyewe lashuhudia kwamba palikuwa na muuzaji na mnunuzi. Lakini aibu yote iliwekwa juu ya yule aliyeuzwa.

Na Waingereza nao wana neno "harlot", lililoandikwa katika Biblia yao ya zamani mahali petu pa "kahaba". Hapo kwanza lilikuwa jina la mwanamume mzururaji, mtu asiye na kazi wala makao. Baada ya muda likaanza kutumika kwa wanaume na wanawake. Mwisho likawaacha wanaume kabisa, likabaki juu ya wanawake peke yao. Hivyo twaona kwamba si Waswahili tu wala si Waarabu tu. Aibu ni kama maji ya mvua: huteremka na kutulia mahali palipo chini.

2. Neno "malaya" na miji ya kazi

Neno malaya halimo katika habari za Rahabu tuzisomazo katika Biblia ya Kiswahili iliyotoka mwaka 1952. Mle twaona kahaba. Malaya ni neno la mitaani. Wala tusiende kulitafutia asili katika nchi iliyoitwa Malaya huko Asia kwa sababu ya kufanana kwa sauti tu, maana sauti kufanana si ushahidi.

Jinsi lilivyotumika twaweza kuiona vema katika habari za Nairobi. Serikali ya kikoloni na mabwana wa kazi waliwataka wanaume waje kufanya kazi mjini, lakini waliwalipa mshahara wa mtu mmoja na kuwapa mahali pa kulala mtu mmoja. Wake na watoto walibaki shamba. Hivyo mji ukawa na wanaume wengi sana, na wanawake wachache. Mwanachuoni Luise White aliwauliza akina mama wazee wa Nairobi habari za siku hizo, akazitoa katika kitabu mwaka 1990. Wazee hao walipambanua majina. Watembezi walikuwa wanawake waliotembea njiani. Malaya alikuwa mwanamke aliyekaa chumbani mwake, hasa katika kijiji cha Pumwani kilichoanzishwa miaka ya mwanzo ya 1920. Mwanamume alimwendea, naye alimpikia chakula na chai, akampa maji ya kuoga, na kwa hayo yote alilipwa. Wengine waliweka akiba wakajenga nyumba zao wenyewe. Wazi-wazi walikuwa wale waliokaa nje mbele ya milango yao, nao walianza kuonekana katika miaka ya 1930.

Hao wa wazi-wazi wengi walikuwa wametoka Bukoba, katika nchi yetu. Bei ya kahawa ilikuwa imeanguka, na mashamba ya baba zao yalikuwa mashakani. White alipata kujua kwamba fedha nyingi walizozipata zilirudishwa nyumbani kusaidia jamaa na mashamba. Lakini tazameni jinsi neno lifanyavyo kazi. Kwa ajili ya wanawake wachache walioonekana mjini, lawama iliwekwa juu ya kabila zima, hata msichana wa Buhaya ambaye hakutoka kamwe mlangoni pa mama yake alitupiwa mzaha huo. Na wale waliokula chakula kilichonunuliwa kwa fedha ile hawakuitwa kwa jina lo lote.

Hatusemi kwamba kazi ile ilikuwa njema. Kuuza mwili ni dhambi, na kuununua ni dhambi; aliyeumba mwili hakuuumba uwe bidhaa. Lakini mwalimu akitaka kufundisha kweli, imempasa kuisema kweli yote: njaa ilikuwako, mshahara mdogo ulikuwako, na wanunuzi walikuwako, tena wengi.

3. Hapa Turu

Maneno kahaba na malaya yalikuja kwetu pamoja na Kiswahili. Desturi za Wanyaturu zilikuwa na majina yake. Mwanachuoni wa Kimarekani Harold Schneider, aliyekaa Turu katika miaka ya 1959 na 1960, aliandika habari za mbuya, yaani mpenzi wa nje ya ndoa, jambo ambalo wenyeji walilijua na kulitungia taratibu zake. Katika Kiswahili cha zamani neno mbuya maana yake ni rafiki tu.

Kanisa lilifundisha, na lafundisha hata leo, kwamba jambo hilo lavunja ndoa. Mafundisho hayo ni ya haki, wala hatuyapunguzi. Ila na tuangalie tusije tukaondoa desturi moja na kuingiza ovu jingine mahali pake. Maana katika habari ya mbuya walihusika wawili, na watu walijua kwamba ni wawili. Bali neno malaya jinsi litumikavyo sasa lina mtu mmoja tu. Mwanamume afanyaye vivyo hivyo husemwa kuwa ni mhuni, na watu hucheka. Wengine humwita jogoo, naye hufurahi. Lugha ya namna hiyo siyo ya Kikristo kuliko ile ya zamani.

4. Jinsi neno lilivyoenea

Neno la aibu halikai mahali pake. Huenea kama moto wa nyasi. Hapo kwanza malaya lilitaja kazi fulani. Baadaye likataja tabia, kisha mavazi, kisha kila kitu kisichompendeza msemaji.

Mwezi wa Oktoba 1968 Umoja wa Vijana wa TANU uliazimia kupiga marufuku nguo fupi, nywele za bandia na suruali za kubana, uhamisho huo wa desturi uanze tarehe 1 Januari 1969. Hata kabla ya siku hiyo kufika, makundi ya wanaume katika Kariakoo, Dar es Salaam, yaliwashambulia wanawake, na wengine waliteremshwa katika mabasi na kuraruliwa nguo zao. Wanawake wale hawakuwa wameuza kitu. Walikuwa wakienda kazini na kurudi nyumbani. Lakini nguo ilikwisha kuhesabiwa kuwa alama ya umalaya, na mtu akiisha kupewa alama hiyo, wengine hudhani wana ruhusa ya kumtenda watakavyo. Huo ndio mwisho wa neno hilo: huanza ulimini, humalizika mikononi.

Siku hizi mjane akatazaye kurithiwa na ndugu wa mumewe aweza kuitwa hivyo. Mke aliyekimbia kipigo aweza kuitwa hivyo. Mama auzaye alizeti zake mwenyewe na kuweka fedha yake mwenyewe aweza kuitwa hivyo. Hata msichana aliyemkataa mwanamume huitwa hivyo na yule yule aliyekataliwa. Na hapo uongo umeonekana wazi, kwa kuwa anamwita malaya kwa sababu alikataa kuwa malaya.

5. Maandiko yasemaje?

Na tuyaangalie mahali manne.

Kwanza, Rahabu. Yoshua 2 yamwita kahaba, na Mitume hawakulifuta jina lile. Limo katika Waebrania 11 na katika Yakobo 2. Lakini limewekwa kando ya imani yake na matendo yake, ili wote wajue neema ilimkuta wapi. Tena Mathayo 1:5 yamtaja katika ukoo wa Bwana wetu, na pale jina la kahaba halimo. Ni Rahabu tu, mama wa Boazi.

Pili, manabii. Hosea na Ezekieli walilitumia neno hili kwa ukali sana, lakini hasa juu ya taifa zima lililomwacha Mungu, pamoja na wafalme na makuhani, nao walikuwa wanaume. Na katika Hosea 4:14 Bwana asema kwamba hatawaadhibu binti za watu kwa ukahaba wao, kwa kuwa wanaume wenyewe huenda kando pamoja na makahaba. Mzee wa kanisa auketie baraza na alisome andiko hilo kabla ya kufungua kinywa chake.

Tatu, mwanamke wa Yohana 8. Walisema amefumaniwa katika kuzini. Torati katika Walawi 20:10 yataka wote wawili wahukumiwe, mwanamume na mwanamke. Je, yule mwanamume alikuwa wapi? Hawezi mtu kufumaniwa katika kuzini akiwa peke yake. Walimwachilia mmoja njiani, wakamleta mmoja. Bwana Yesu hakumwita mwanamke yule kwa jina la aibu. Alimwita mwanamke, akakataa kumhukumu, kisha akamwagiza asitende dhambi tena. Neema haikuificha dhambi, wala haikumfunga mtu katika dhambi yake kwa kumpa jina lake.

Nne, Mariamu wa Nazareti. Alionekana ana mimba kabla hajakaa na mume. Majirani wangeweza kumwitaje? Ninyi mnajua jibu. Yusufu naye alikuwa bado hajapata habari kwa malaika. Alilojua ni kwamba mimba si yake. Hata hivyo Mathayo 1:19 yamwita mtu wa haki, na haki yake ilionekana katika jambo hili, kwamba hakutaka kumwaibisha. Angalieni basi: kabla ya kuijua kweli yote, mtu wa haki alifunga kinywa chake. Kama angepiga kelele sokoni kama wengi wafanyavyo, angalimtukana mama wa Mwokozi wake.

6. Mariamu Magdalena

Kanisa lenyewe limekwisha kutia jina baya juu ya mtu asiyestahili. Waulizeni Wakristo wengi Mariamu Magdalena alikuwa nani, watasema alikuwa kahaba. Lakini Injili haisemi hivyo po pote. Luka 8:2 yasema alitolewa pepo saba, na kwamba alikuwa mmoja wa wanawake waliomfuata Yesu na kumhudumia. Mwanamke mwenye dhambi wa Luka 7 hakutajwa jina.

Mwaka 591 Papa Gregori wa Kwanza, akihubiri Roma, aliwaunganisha wanawake hao kuwa mtu mmoja. Kwa karibu miaka 1400 Wakristo wa nchi za magharibi wakamchora na kumhubiri Mariamu kama kahaba aliyetubu. Ni mwaka 1969 Kanisa la Roma lilipotengeneza upya kalenda yake ndipo lilipouacha mchanganyiko huo. Huyu ndiye aliyemwona Bwana kwanza baada ya kufufuka na kutumwa kwa wanafunzi, kama ilivyoandikwa katika Yohana 20. Basi kama mjumbe wa kwanza wa Pasaka aliweza kusingiziwa kwa karne nyingi na watu wasomi wenye nia njema, binti wa Sepuka atasalimikaje mbele ya midomo ya watu wa kilabuni?

7. Amri ya sita na ya nane

Katika Katekismo Ndogo ya mwaka 1529 Daktari Martin Luther alifundisha kwamba amri ya sita yatutaka tuwe safi katika maneno pia, si katika matendo tu. Wengi hulisahau hilo. Mwanamume ajisifuye kwamba hajazini, hali kinywa chake kimejaa matusi ya uchi wa wanawake, amekwisha kuivunja amri ile ile anayodhani anailinda.

Na katika amri ya nane Luther afundisha kwamba haitoshi kutosema uongo juu ya jirani. Imetupasa kumtetea, kumnena kwa wema, na kuyaelekeza mambo yake upande ulio mwema. Basi anyamazaye akisikia binti wa mwenzake akitukanwa, naye yumo katika hukumu. Bwana wetu mwenyewe, katika Mathayo 5:22, alihesabu neno la dharau juu ya ndugu kuwa jambo la kupeleka mtu hukumuni. Serikali nayo yakataza: kifungu cha 89 cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania chafanya matusi yawezayo kuvunja amani kuwa kosa. Isiwe aibu kwetu, wasioamini wakiogopa askari kuliko sisi tumwogopavyo Mungu.

8. Marudi katika usharika

Sasa twafika penye maumivu. Msichana akipata mimba bila ndoa, dhambi yake hukua mbele ya macho ya watu, bali dhambi ya mwanamume haina tumbo. Hivyo katika sharika nyingi msichana hutengwa, na kijana aliyempa mimba huendelea kuimba kwaya, labda hata kukusanya sadaka. Na ikiwa msichana hajatimiza miaka 18, tangu sheria ya makosa ya kujamiiana ya mwaka 1998 serikali huhesabu kwamba amebakwa, hata akisema alikubali, isipokuwa katika ndoa. Je, aliyetendewa ubaya aitwe malaya, na mtendaji aitwe kijana wetu?

Kwa miaka mingi wasichana wenye mimba walifukuzwa shule, na kanuni za mwaka 2002 zilitumiwa kwa kazi hiyo. Mwezi wa Novemba 2021 serikali ilitangaza kwamba waweza kurudi masomoni baada ya kujifungua. Na tangu mwaka 2016 sheria yamwadhibu kwa kifungo cha miaka 30 ampaye mimba mwanafunzi. Mlango wa shule umefunguliwa. Ni vibaya mlango wa kanisa ukionekana kuwa mwembamba kuliko ule wa shule.

Kwa hiyo twawasihi walimu na wazee mambo matatu. Msimwite mtu barazani kwa jina la dhambi yake. Mtajeni kwa jina la ubatizo wake. Msimtie mmoja katika marudi bila kumtafuta wa pili. Na aliyetubu na kurudi kundini, asiwepo wa kumkumbusha, maana Mungu akisamehe hasemi tena, na mtumishi si mkubwa kuliko Bwana wake.

Maneno ya Biblia tutayasoma jinsi yalivyo, kwa kuwa dhambi yapasa kuitwa dhambi. Lakini dhambi na iitwe dhambi, na mtu aitwe mtu.

Maswali ya kujifunza

1. Kwa nini Biblia haikulificha jina la Rahabu, hali Mathayo alimtaja bila lile neno?

2. Katika lugha yetu ya Kinyaturu na katika Kiswahili, ni maneno gani ya aibu aliyo nayo mwanamke, ambayo mwanamume hana mfano wake?

3. Yusufu alijua nini, na hakujua nini, alipoazimu kutomwaibisha Mariamu? Sisi hujua kiasi gani tunapomsema mtu?

4. Katika usharika wetu, kwa miaka mitano iliyopita, ni wasichana wangapi waliotengwa kwa ajili ya mimba, na ni wanaume wangapi? Wazee na wahesabu katika kitabu cha usharika, kisha wasome tena Hosea 4:14.

Amani ya Bwana iwe nanyi nyote. Amin.